Tone Juu ya Kipara cha Mwenyekiti

Haya, wewe uliyekaa karibu na jiko, nijibu hili kabla chai yako haijapoa. Nyumba imevaa nyumba. Kati ya nyumba na nyumba bahari imeingia imejaa tele, na ndani kabisa kuna mwanamume anakaanga vitunguu, mkavu kama kuni. Ni nini?

Usikune kichwa. Ni nyambizi. Mjini kwetu hapa, ukingoni mwa Bahari Nyeupe, mtoto hulijibu hilo kabla hajamaliza kuota meno, maana baba zetu walikuwa wakiziunda na kaka zetu walikuwa wakizipanda. Ganda la ndani ni nene, hilo ndilo linalolinda watu. Ganda la nje ni jembamba, hilo ndilo linalopasua mawimbi. Katikati ni matangi: ukitaka kushuka unayajaza maji, ukitaka kupanda unayapuliza hewa. Mimi nimeishia darasa la nne na nimeelewa, sembuse wewe mwenye miwani.

Nakupa jingine, na hili ndilo lenyewe la leo. Ni kitu gani kikishuka hulegea, kikipanda hukaza? Hili liache kwanza lichemke. Zosima hakulijua, na kwa kutolijua kwake nusura mimi nikose mume.

Zosima alikuwa mpishi. Kijana mrefu, masikio yamesimama kama vishikio vya sufuria, mikono inanukia bizari hata siku ya mapumziko. Alikuwa akipika kantini ya kiwanda, na kila nikipita na sahani alinitilia kijiko cha ziada, kisha akainama kama mtu aliyeiba. Siku moja tukakutana kwenye foleni ya viazi. Nikaona huyu nikimwacha ataniongezea supu mpaka nizeeke. Nikamwambia, "Zosima, kama una neno liseme, foleni inasogea." Akalisema. Nikalikubali. Viazi vilikuwa vimekwisha tulipofika mbele, lakini sisi tulirudi tunacheka.

Kikabaki kizingiti kimoja, nacho kilikuwa baba.

Baba yangu, Kapiton Yermolayevich, alikuwa mwenyekiti wa tume ya kupokea nyambizi mpya. Kiwanda kikimaliza boti, baba huipanda, huizamisha, huikagua, na asipoweka sahihi hakuna anayeichukua. Alikuwa mjane, mfupi, mpana, mwenye kipara kinachong'aa kama kengele ya kanisa. Ujanani alitumika katika zile nyambizi kongwe za enzi ya mfalme, ambazo ndani hazikuwa na kuta. Toka pua hadi mkia ilikuwa ukumbi mmoja kama ghala la nafaka. Maji yakiingia mbele, wa nyuma naye anaoga. Za siku hizi zina vyumba na milango ya chuma, ukifunga umefunga. Lakini baba hakusahau. Kwenye kila boti aliwaambia mabaharia na mafundi maneno yale yale: "Tone moja! Tone moja likidondoka ndani, boti inarudi kiwandani ikafumuliwe, na nyinyi wote mnakwenda kuzoa theluji."

Na wapishi hakuwapenda. "Mwanamume mzima," alikuwa akisema, "kazi yake kulia kwa sababu ya vitunguu!"

Kiangazi kile, wakati jua kwetu halizami na kuku hawajui walale saa ngapi, Zosima akapangiwa kupika kwenye nyambizi mpya. Na wa kuikagua nani? Baba. Nikamwita Zosima nyuma ya banda la kuni.

"Sikiliza," nikamwambia. "Baba ana udhaifu mmoja tu duniani. Zile chapati nene ndogo za jibini laini, kama alizokuwa akikaanga marehemu mama. Mshibishe hizo, ndipo useme. Baba akishiba hugeuka binadamu."

"Na asipogeuka?"

"Basi utakuwa chini ya bahari, Zosima. Hata ukilia hakuna atakayesikia."

Nikamfundisha. Maziwa unayaacha yagande, unaupasha mtindi moto taratibu, unaumimina kwenye kitambaa chepesi, unafunga fundo, unautundika mahali uchuruzike. Maji yanatoka, jibini inabaki. Jirani yetu mwenye ng'ombe akatupa maziwa ndoo nzima kwa sababu alimwonea huruma yule kijana na masikio yake.

Yaliyofuata sikuyaona kwa macho. Nimesimuliwa na baba, nikasimuliwa na Zosima, na kila mmoja aliniapia kwamba mwenzake ni mwongo. Nimechukua pale wanapokubaliana, na wasipokubaliana nimechukua panapochekesha zaidi.

Sasa kwenye nyambizi kuna desturi. Mtu akipanda mara ya kwanza haambiwi kitu. Ataonyeshwa. Atapewa glasi ya taa iliyojazwa maji ya bahari anywe yote. Atabusu nyundo kubwa iliyopakwa grisi, tena ikiwa inabembea. Na kabla ya kuzama, serahangi, mkuu wa mabaharia, atafunga kamba nyembamba toka ukuta wa kushoto hadi ukuta wa kulia, ameivuta mpaka ukiigusa inalia kama uzi wa balalaika. Kisha ananyamaza. Mgeni akiuliza ya nini, atakonyezwa.

Serahangi wa boti ile aliitwa Demyan, mtu wa sharubu. Alimfungia Zosima kamba yake, ya kuvulia chewa, juu ya meza ya maofisa, katikati ya mabomba yaliyoviringishwa vitambaa vyeupe. Akamkonyeza, akaenda zake kwenye usukani.

Zosima akaitazama ile kamba. Jikoni kwake palikuwa padogo, ukigeuka umejiunguza. Mfuko wake wa mtindi alikuwa ameukumbatia tangu asubuhi hajui autundike wapi. Moyo ukamjaa. Akajisemea, jamani, watu hawa ni wema kiasi gani! Wamemfungia mpishi kamba!

Akautundika mfuko wake katikati, juu kabisa kati ya mabomba mawili. Chini yake akaegesha kikombe cha bati kwenye bomba, kikinge maji. Ukitazama kutoka mezani huoni kitu, kitambaa cheupe kati ya vitambaa vyeupe. Akafurahi, akaenda kukata kabichi.

Boti ikazama. Ikashuka, ikashuka, mpaka kwenye kina kile cha mtihani ambapo hata wacheshi huacha kusema. Baba akakaa mezani, kiti cha mwenyekiti, katikati. Pembeni yake kamanda wa boti, Rodion Savvich, mwembamba, mwoga wa tume kuliko wa bahari. Mbele yake mhandisi Innokenti, mwenye penseli sikioni.

Zosima akaingiza supu ya kabichi. Baba akaonja.

"Ikoje, Kapiton Yermolayevich?"

"Inalika."

Kutoka kwa baba hiyo ni sifa ya kutangazwa redioni. Rodion Savvich mwenyewe aliacha kijiko hewani. Zosima akaona chapati bado, lakini bahati imefungua mlango, kwa nini asubiri kwenye baraza? Akajifuta mikono kwenye aproni.

"Kapiton Yermolayevich," akasema, na sauti ikamtoka kama ya jogoo mchanga, "naja kwako kumposa binti yako Glafira. Unasemaje?"

Baba akashusha kijiko. Akainua uso. Akafungua mdomo.

To!

Tone likamdondokea katikati ya kipara.

Baba akafunga mdomo. Akapeleka kidole kichwani polepole, kama anayegusa nyuki. Akakitazama kidole. Kimelowa.

"Tone," akasema, kimya kimya. Kisha akanguruma, "TONE!"

"Labda jasho la bomba, Ndugu Mwenyekiti," akasema Innokenti.

"Jasho ni lako wewe, Innokenti! Nililala na matone kabla wewe hujazaliwa! Hili ni tone!"

To! La pili.

"Pandisha!" akapiga kelele Rodion Savvich. "Pandisha boti!"

Hewa ikavuma kwenye matangi, vikombe vikatembea mezani, boti ikapanda kama kizibo. Zosima akasukumwa nje na supu yake. Wakafika juu, jua linawaka, shakwe wanawashangaa. Baba hakutoka pale alipo. Akakaa kichwa wazi, macho yamefumbwa, akingoja.

Hakuna.

Wakangoja mpaka supu iliyobaki sahanini ikaganda mafuta. Hakuna tone.

"Mnaona?" akasema baba, na uso umekuwa mweupe. "Juu hakuna. Chini lipo. Hivyo ndivyo inavyoanza. Ni mshono wa ganda."

Innokenti akapanda juu ya meza na tochi, akapapasa mishono yote, akachora alama za chaki, akakausha kila kitu kwa leso yake mwenyewe. Kamba ile, na kile alichodhani ni kitambaa cha bomba, aliisukuma kando mara mbili imwachie nafasi. Hakuitazama. Nani anaitazama kamba ya mgeni? Tangu aanze kazi hajapanda boti isiyo na kamba ya mgeni.

"Shusha tena," akaamuru baba.

"Ndugu Mwenyekiti, angalau vaa kofia," akasema kamanda.

"Kofia? Kichwa hiki sasa ndicho chombo cha kupimia! Shusha!"

Wakashuka. Wote wanakitazama kipara cha baba kama wanavyotazama birika la samovari lisilotaka kuchemka. Na kule kwenye kina, mahali pale pale: to!

"Pandisha!"

Wakapanda. Hakuna tone. Kule kwenye usukani serahangi Demyan akaanza kulalamika. "Jamani, tunapanda au tunashuka? Amueni! Mikono yangu si ya punda!" Na mabaharia wa vyumba vya nyuma, ambao hawakuwa na kazi ila kuyumba, wakaanza kuwekeana dau la samaki wakavu. Wengine waliweka kwamba litadondoka, wengine kwamba halitadondoka, na mmoja akaweka samaki wawili kwamba Mwenyekiti atalia.

Zosima alikuwa jikoni anaunguza vitunguu. Kila baharia aliyepita, Zosima alimshika mkono.

"Amesemaje?"

"Amesema 'tone'."

"Si hilo! Kuhusu posa yangu!"

"Kuhusu posa hajasema."

Akaja mwingine.

"Vipi, amesemaje?"

"Amesema boti inafumuliwa yote. Kiwanda hakitamaliza hata majira ya baridi."

"Na kuhusu mimi?"

"Mwanangu, kwa uso ule wake, ningekuwa wewe ningeoa mahali pengine."

Maskini, akakaa juu ya gunia la viazi. Kwa sababu alimjua baba, nami nilikuwa nimemweleza. Baba akifelisha boti, nyumbani kwetu huwa ni msiba. Haongei, hali, hafungui mlango. Mwaka aliofelisha boti nyingine, hata paka wetu alihama. Nani angekwenda kuposa kwenye nyumba hiyo?

Mara ya tatu baba akasema, "Sasa sitapanda haraka. Tushuke, tukae. Nataka kulijua tone hili ni la nani."

Wakashuka. Baba akakaa, kichwa amekiinua kidogo, kama mtu kwa kinyozi. To. Akaliacha. To. Likashuka taratibu kwenye paji la uso, likapita kando ya pua, likafika kwenye mdomo. Na baba, bila kukusudia, akalamba.

Akalamba tena.

"Si ya chumvi," akasema.

Innokenti akainuka. "Haiwezekani. Nje kote ni bahari."

"Nakwambia si ya chumvi. Onja."

"Nionje... kipara chako, Ndugu Mwenyekiti?"

"Kidole, mjinga wewe! Chovya kidole uonje!"

Innokenti akachovya kwenye kipara cha mwenyekiti wa tume, mtu ambaye majemadari walimpigia saluti, akaonja kidole. Macho yakamtoka. "Ni chachu."

"Rodion Savvich, na wewe."

Kamanda akachovya, akaonja, akamung'unya. "Chachu kabisa. Kama... kama nyumbani kwa bibi yangu."

Wakatazamana watu wazima watatu, kwenye kina cha kutisha, vidole mdomoni.

"Labda," akanong'ona Innokenti, "ndiyo maana inaitwa Bahari Nyeupe."

Baba akapanua pua. Alikuwa ameanza kunusa. Harufu ile aliijua, ilikuwa ya jikoni kwa mama, siku za Jumapili. Akainua uso kuelekea kwenye mabomba, tone jingine likamwingia jichoni.

"Niitieni mpishi," akasema.

Zosima akaja. Aliinama kupita mlangoni, akajigonga kama kawaida yake, akainuka, akatazama juu, na badala ya kumsalimu mtu akapiga kelele:

"Loo! Jibini yangu imeshuka!"

Naam, imeshuka. Haya, sasa lile langu limechemka: kikishuka hulegea, kikipanda hukaza. Ni kamba ya mgeni! Boti ikifika kina kirefu, bahari hulibana ganda, ukuta wa kushoto na wa kulia husogeleana kidogo tu, mtu hahisi, lakini kamba inajua. Inalegea, inaning'inia kama shanga shingoni. Ndivyo mgeni anavyoonyeshwa kwamba yumo kwenye ngumi ya bahari. Kamba ilipolegea, mfuko ukakalia ukingo wa kikombe, ukateleza upande wa pili, ukawa unamdondokea baba. Boti ikipanda kamba inakaza, mfuko unarudi juu ya kikombe chake kama kuku kwenye kiota.

"Kumbe boti inanywea?" Zosima akauliza.

"Inanywea na wewe ndani yake!" akajibu Demyan, aliyekuwa amemwachia msaidizi usukani aje kuona.

"Mbona hamkuniambia?"

"Mgeni haambiwi! Ndiyo desturi!"

"Mimi nilidhani ni kamba ya jikoni. Nikasema, watu gani hawa, wana upendo..."

Kicheko kikaanzia kwa Demyan, kikaingia vyumba vya nyuma, wakacheka mpaka kamanda akaamuru kimya kwa kelele. Baba peke yake hakucheka. Alitoa leso, akafuta kipara mara moja, akafuta mara ya pili. Akasema, "Boti ni kavu. Naweka sahihi." Kisha akamtazama Zosima. "Na hiyo jibini isitupwe."

Zosima akakaanga. Baba akala chapati zote, akaikwangua sahani mpaka ikalia. Zosima akasimama pale na taulo begani, akingoja. Baba akajifuta mdomo, akainuka, akaenda kulala. Kuhusu posa, kimya.

Waliporudi bandarini nilikuwa gatini. Baba akapita mbele yangu ananukia mtindi. "Baba, safari njema?" "Kavu," akajibu. Nyuma yake Zosima, masikio yamelala kama ya mbwa aliyekemewa.

"Amesemaje?" nikamuuliza.

"Amesema jibini isitupwe."

"Na kuhusu sisi?"

"Nilimuuliza, Glafira. Naapa nilimuuliza. Ndipo nikamdondoshea."

Siku zikapita. Nikimuuliza baba, anafungua gazeti. Nikilia, anaongeza sauti ya redio. Mji mzima ukawa unajua. Kwenye foleni ya viazi wanawake wananiuliza, "Vipi Glafira, bado linachuruzika?"

Jumapili moja nikarudi kutoka kisimani nikamkuta baba amesimama juu ya kiti. Amefunga kamba toka msumari wa dirisha hadi msumari wa mlango, juu ya meza yetu ya chakula, ameikaza mpaka inalia.

"Baba, unafanya nini?"

"Kagandishe maziwa," akasema. "Halafu mwite mpishi wako."

Zosima akaja amevaa shati jeupe, nywele amezichana kwa maji. Mfuko wa jibini ulikuwa tayari umetundikwa, mzito, umelowa, na chini yake pamewekwa kiti kimoja.

"Keti," akasema baba.

"Hapo, Kapiton Yermolayevich?"

"Unaona kiti kingine?"

Zosima akaketi. To! Kichwani. Akafumba jicho moja. Baba akaketi mbele yake, akajimiminia chai kutoka kwenye samovari, akatia jamu ya matunda, akakoroga.

"Kapiton Yermolayevich, mimi..."

"Nyamaza. Kunywa chai."

To! Akanywa chai. To! Nikamtazama baba, nikamtazama Zosima. Maji ya mtindi yanateremka nyuma ya masikio yale, yanaingia kwenye kola ya shati jeupe, naye haondoki. Hata kujifuta hakujifuta. Nilitaka kucheka, nilitaka kulia, nikaenda kukata mkate nisionekane.

Samovari ikaisha. Baba akajaza nyingine. Aliuliza habari za bei ya chewa, Zosima akajibu akiwa analowa. Aliuliza habari za hali ya hewa, Zosima akasema, kwa upande wake, kuna manyunyu. Nikaona sharubu za baba zimetikisika, mara moja tu.

Mfuko ukachuruzika ukawa mwepesi. Matone yakawa machache, yakaachana. Likaja moja, likaning'inia muda mrefu, likadondoka. Tukangoja. Halikuja jingine.

Baba akaweka kikombe mezani. Akainama mbele, akachovya kidole juu ya kichwa cha Zosima, akakionja.

"Uliniuliza swali nikiwa nimelowa," akasema. "Mimi sijibu nikiwa nimelowa na mwenzangu mkavu. Sasa tumekuwa sawa." Akanitazama mimi, akamtazama yeye, kikaragosi changu chenye masikio ya sufuria, kinachomeremeta mtindi. "Mchukue," akamwambia.